Jiko Linaandika E3

Nyumbani
4 Februari

Binti yangu Waya,

Marahaba kabla hujaniamkia, maana nina haraka. Jiko lako limegoma.

Nasema lako kwa sababu likipika vizuri ni la mama yako, likigoma ni la aliyelileta. Jana mama yako aliteleka maharage ya mafundi wa gereji. Kidogo tu jiko likalia pii, pii, pii, kioo kikaandika E na 3 kwa rangi nyekundu, likazima. Akawasha, likalia, E3, likazima. Akawasha tena, yale yale. Wateja wamesimama nje ya dirisha la jikoni na sahani zao kama kawaida, wananusa, hawasikii harufu. Mwisho wakaondoka.

Unamjua mama yako. Tangu aanze kuuza chakula pale dirishani hajawahi kumrudisha mtu na njaa, ndiyo maana mtaa mzima wanamwita Mama Dirisha. Jana alifunga dirisha jua likiwa bado kichwani, akakaa kwenye kigoda na mwiko mapajani. Nikamuuliza kama anaumwa, akasema hapana, jiko ndilo linaloumwa.

Nimejaribu kukupigia simu nikakumbuka huko bondeni mnakojenga bwawa hata mtandao hauingii. Basi barua hii inakuja na lori la vyakula. Wewe ni fundi umeme wa serikali nzima, huwezi kushindwa na jiko la mama yako. Niambie nifanye nini.

Baba yako, fundi cherehani asiyejua umeme


Kambini
9 Februari

Baba, shikamoo. Mpe na Mama shikamoo yangu.

Jiko ni jipya na ni zima. Nililifunga mwenyewe nilipokuja likizo, nikachemshia chai mbele yenu. Usiwe na wasiwasi, ila fanya ninavyosema bila kuongeza lako.

Zima swichi kubwa ya ukutani, siyo ya jiko. Kunywa chai yako taratibu, ukimaliza washa. Kisha futa ile sehemu ya vitufe kwa kitambaa kikavu. Kikavu, Baba, siyo kile cha Mama kinachochuruzika maji. Hakikisha hakuna sufuria, kijiko wala mfuniko uliokaa juu ya vitufe. Kile kioo kinahisi kila kinachokigusa.

Kitabu cha maelekezo nilikiweka kwenye droo ya vijiko. Tafuta palipoandikwa hitilafu, uniandikie neno kwa neno wanasemaje kuhusu E3. Nakala yangu niliiacha kwenye sanduku huko huko.

Na usimwite fundi yeyote wa mtaani. Narudia, fundi yeyote.

Waya


Nyumbani
14 Februari

Waya,

Nimeita fundi.

Usinipigie kelele, nilisubiri barua yako mpaka nikachoka, na mama yako alikuwa anazunguka nyumba nzima kama kuku anayetafuta pa kutaga. Amekuja yule fundi redio wa karibu na soko. Amelifungua jiko, ameangalia ndani, ametikisa kichwa kama daktari, amelifunga. Skrubu moja imebaki mezani. Anasema siyo ya muhimu. Alipoliwasha likawaka vizuri, tukampa mkono, akaenda zake. Mama yako akateleka wali, E3.

Ndipo barua yako ikafika. Nimezima ukutani, nimekunywa chai, nimewasha. Nimefuta kwa kitambaa cha flana nilichokuwa nimekitenga kwa kola ya mteja. Kitabu kinasema hivi: "E3. Sehemu ya vitufe imeguswa kwa muda mrefu, au ina maji au kitu juu yake. Jiko litajizima lenyewe kwa usalama." Ndiyo hayo tu. Juu ya vitufe hakuna kitu, nimeinama nikaangalia mpaka pua imegusa.

Barua yako nimemsomea mama yako mezani, maana miwani yake imevunjika mguu na hajapata nafasi ya kuipeleka kutengenezwa. Unajua nikisoma barua nasoma kwa sauti ya mtangazaji. Alicheka kidogo pale kwenye kitambaa kinachochuruzika. Kisha akauliza, lile jiko letu la zamani Waya alilipeleka wapi? Nikamwambia sijui. Tulipomaliza kula akaniuliza tena.

Watu wa gereji wamekuja mara mbili, wamekuta dirisha limefungwa.

Baba yako


Kambini
18 Februari

Baba, shikamoo.

Skrubu iliyobaki ni ya muhimu. Hakuna skrubu inayowekwa kwa mapambo. Irudishe, na huyo fundi redio akipita mlangoni mfungulie mbwa, na kama hatuna mbwa bweka mwenyewe.

Lile jiko la zamani nilimpa mnunuzi wa vyuma chakavu, na nilimsimamia mpaka akalivunja mbele yangu. Nyaya zake zilikuwa zimeungua ndani. Nimewaondolea kifo nyumbani halafu naulizwa liko wapi.

Sasa kitabu kimesema wazi. Ni maji, au kuna kitu. Jiko halina ugonjwa mwingine. Baba, sote tunamjua Mama akiwa jikoni, anapika kama anayezima moto, maji huku, unga kule, kifuniko anakiweka popote. Lile la zamani lilimvumilia. La kioo halivumilii uzembe. Mwambie aweke akili kwenye anachokifanya, akaushe mikono, aguse kitufe kimoja kwa kidole kimoja, basi. Mtoto mdogo analiweza.

Huku tunafunga mitambo, nalala nimevaa viatu. Siwezi kila wiki kuandika habari ya kitambaa.

Waya


Nyumbani
25 Februari

Binti yangu,

Nilisoma barua yako mezani kwa sauti kama kawaida, na sauti yangu ikafika kwenye uzembe kabla akili haijafika. Nikajaribu kukohoa. Mama yako akasema, "Usikohoe, soma. Kasema kweli."

Tangu hapo anakausha. Anakausha kioo, anakausha mikono, anapepea vidole hewani kama bibi harusi aliyepakwa hina. Anaingia jikoni, anafunga mlango, nasikia kimya, kisha nasikia pii, pii, pii. Namsikia anasema na jiko kwa sauti ya chini. Anabembeleza, Waya. Mama yako, ambaye hajawahi kunibembeleza hata mimi.

Na kuna jambo linanitia wazimu. Mimi nikiliwasha, linawaka. Kila mara. Mama yako akiliwasha, mara moja litakubali, mara nne litakataa. Nilimtania kwamba jiko limenipenda, hakucheka. Nikajitolea niwe namwashia. Akanitoa jikoni na mwiko mkononi, akasema siku mtu mwingine atakapomwashia jiko lake, siku hiyo tumkunjie mkeka na tumwite imamu au padri, yeyote atakayekuwa karibu.

Mafundi wa gereji sasa wanakula kwa yule mama wa kona. Wanapita mbali na dirisha letu, wanaona haya kumsalimia. Yeye anakaa nyuma ya pazia anazisikiliza nyayo zao, anazijua za kila mmoja. Hali chakula. Ninachompikia anakionja, anasema kizuri, anakirudisha.

Mimi nguo ikinishinda naifumua, naanza upya. Hili nitalifumua wapi? Maji yamenifika shingoni, mwanangu. Siyo habari ya jiko tena. Mama yako anatupotea huku namwangalia. Fikiri, tafadhali. Fikiri kama ulivyofundishwa.

Baba yako


Kambini
2 Machi

Baba, shikamoo. Mama, shikamoo, na samahani. Ile barua niliiandika nikiwa na hasira za kazini, nikazituma nyumbani. Wewe si mzembe. Nimekula chakula cha mkono wako tangu nina meno mawili, na sijawahi kukuta hata jiwe kwenye mchele.

Baba, nimefikiri kama nilivyofundishwa. Kitu kikikataa kwa mtu mmoja na kukubali kwa mwingine, acha kutazama kitu, tazama mtu. Wewe unagusa kitufe kimoja kwa kidole. Ili E3 itokee, mkono lazima ukae juu ya vitufe vyote, mkono mzima, na ukae. Mtu mwenye mikono mikavu anayelaza kiganja juu ya kioo cheusi na kukiacha pale, anatafuta. Lile jiko la zamani lilikuwa na swichi za kuzungusha, unazishika. Hili halina pa kushika. Siku nilipolifunga Mama alilipapasa lote kwa mkono, nikadhani analibembeleza kwa kulipenda. Nadhani Mama haoni, Baba. Nadhani haoni siku nyingi.

Haya usimsomee. Simama nyuma yake bila kusema kitu, angalia mkono wake, uniandikie.

Waya


Hospitali
9 Machi

Waya,

Nilimsomea.

Lile neno usimsomee uliliweka chini, baada ya habari yenyewe. Mimi nasoma kama ninavyoshona, mguu ukishakanyaga sindano inakwenda. Nilikuwa nimefurahi umeomba radhi, nikapaza sauti zaidi ili asikie vizuri. Nikasoma mpaka "haoni siku nyingi" kwa sauti ile ile ya mtangazaji.

Mama yako aliweka kikombe chini. Alisema, "Mwandikie mwanao mimi naona." Akainuka, akapita kati ya kiti na kabati bila kugusa chochote, akaenda kulala.

Kesho yake nilitoka kupeleka suruali ya mteja. Sikukawia. Nyuma yangu akafungua dirisha, akawaita watu wa gereji kwa majina, leo kuna samaki wa kukaanga, njooni. Alitaka nikirudi nikute foleni. Alitaka wote wamwone anaona. Wanasema walikuja wote, hata wale wasio na njaa, maana walikuwa wamemkumbuka. Mafuta yalikuwa yameshapata moto, jiko likalia, likazima. Akataka kukisogeza kikaango apate nafasi ya kupapasa. Mpini haukuwa pale alipodhani upo.

Mafuta yakammwagikia mkono wa kulia, kuanzia kiwiko mpaka vidoleni. Vijana ndio walioruka dirishani wakamtia mkono kwenye ndoo ya maji, wakamleta hospitali kwenye gari la mteja wao lililokuwa halina hata milango. Hakupiga kelele, wanasema. Aliuliza tu kama samaki wameungua.

Nakuandikia kwenye benchi la hospitali, karatasi iko juu ya goti. Mimi naona pindo lililopinda upande wa pili wa barabara. Naona kifungo kilichoshonwa kwa uzi usio wake. Nikimwomba mama yako anitungie uzi kwenye sindano alikuwa anasema ana haraka, nami nikinuna. Nilinuna, Waya. Nililala kitanda kimoja na mtu asiyeona, nikamnunia.

Sijui nimwambie nini akiamka. Njoo. Kama kuna mtu wa kupigiwa magoti huko, mpigie. Njoo.

Baba


Kambini
9 Machi

Baba, shikamoo.

Sijapata jibu lako bado, lakini nimeshindwa kungoja, na habari ni nzuri. Nimepata dawa ya jiko.

Kuna mabaki ya plastiki ngumu hapa karakana. Nimekata kipande cha upana wa vile vitufe, nimekitoboa matundu, kila kitufe na tundu lake. Kinakaa juu ya kioo kwa miguu midogo. Mkono ukipapasa unapapasa plastiki, jiko halihisi kitu. Kidole kikiingia tunduni ndipo kinagusa. Nimefumba macho nikajaribu kwenye jiko la kantini, nimepata kila kitufe mara ya kwanza. Mpishi alidhani nimerukwa na akili.

Na sikiliza ujanja wake. Tutamwambia Mama ni kifaa cha kuzuia maji, kiwandani walisahau kukitia. Atafungua dirisha lake, atapika, wala hatajua kwamba tunajua. Kisha nikija likizo tutampeleka kwa daktari wa macho pole pole, kwa kisingizio cha ile miwani. Hakuna haja ya kumvunja.

Nimekifunga kwenye gazeti, kinakuja na barua hii. Niambie tu ulichokiona uliposimama nyuma yake. Na kwa mara nyingine, Baba, usimsomee.

Waya wako, ambaye leo anajisifu kidogo


Kambini
15 Machi

Baba,

Barua zetu zimepishana njiani. Yako nimeisomea pale pale kwenye lori, dereva akaniuliza nani amekufa.

Nimekwenda kwa injinia. Amesema mitambo inafungwa wiki hii na fundi umeme ni mimi, hakuna ruhusa. Nimekwenda tena. Amesema pole, akanipa chai. Nimeinywa kwa sababu sikujua nifanye nini kingine na mikono yangu.

Sikiliza, Baba. Msitoke hospitali hiyo bila daktari wa macho. Wakisema njooni mwezi ujao, kaa chini sakafuni. Wakisema mkono kwanza, sema mkono upo mwisho wa mtu na macho yapo mwanzo. Sijui sema nini, wewe una maneno kuliko mimi. Asitoke.

Ni mimi niliyelichukua jiko lililokuwa linamjua. Nikalisimamia likavunjwa vipande, nikajiona mtoto mwema. Kisha nikamwambia mtoto mdogo analiweza. Neno hilo nalisikia hata mashine ikiwa inanguruma.

Kile kiplastiki kitupe. Sitaki kukiona.

Mwambie Mama sitaki apike. Sitaki chochote. Nataka tu aniambie ananichukia kiasi gani, niandikie kama alivyosema, usipunguze.

Waya


Nyumbani
21 Machi

Binti yangu,

Nilikaa sakafuni kama ulivyosema. Mlinzi akaja, nikamwambia suruali yake imeshonwa vibaya mapajani na nitamrekebishia bure akinionyesha mlango wa daktari wa macho. Akanionyesha.

Daktari ni binti mdogo, ana sauti ya upole, na hiyo ndiyo iliyonitisha. Alimtia mama yako matone, akammulika kila jicho kwa taa. Kisha akaniita mimi, mama yako akasema, "Macho ni yangu, mwanangu, masikio pia." Basi akatuambia sote. Ni presha ya macho. Haiumi, inakula pembeni kidogo kidogo. Jicho la kushoto limekwisha, na halirudi. La kulia limebaki tundu katikati, kama mtu anayechungulia kwenye bomba, na lenyewe lina ukungu. Kwenye mwanga mkali linapata kitu. Penye kivuli halipati. Matone yatalinda kilichobaki, kwa muda gani, hasemi. Nilimuuliza, tungekuja mwaka jana? Akaangalia karatasi zake. Sikumuuliza tena.

Amesema pia maradhi haya huwa yanafuata damu. Bibi yako naye, unamkumbuka. Ukapimwe, Waya. Hilo siyo ombi.

Wahenga walisema mficha maradhi kifo humuumbua. Nililitamka njiani tukirudi, kisha nikatamani kulimeza. Mama yako akasema, "Wahenga nao wangekuwa na wateja wangenyamaza."

Mkono unapona. Vidole viwili havikunjiki vizuri.

Ana maneno yake ya kukuambia. Ameniamuru niandike anavyosema, nisipambe. Kesho nitayaandika kwenye karatasi ya pili.

Baba


22 Machi
Imesemwa na mama yako, imeandikwa na baba yako

Waya,

Kwanza habari ya kukuchukia. Baba yako alinisomea, safari hii alisoma kwa sauti ya kawaida. Acha upuuzi. Ulininunulia jiko kwa sababu lile la kwanza lilikuwa linakutisha. Mtoto anayemwogopea mama yake hachukiwi.

Sasa nikuambie jinsi nilivyokuwa napika, maana hujui. Lile jiko la zamani swichi yake ilikuwa inalia tik. Tik ya kwanza wali ukikauka, ya pili mchuzi, ya tatu mafuta. Samaki akiiva sauti yake inapungua. Maharage yakiiva yananuka tamu. Chumvi nilikuwa naitia kwa vidole. Watu wangu wa gereji niliwajua kwa nyayo na kwa kukohoa, na pesa kwa kupapasa. Miaka hiyo yote hakuna aliyeungua ila sufuria. Kisha kikaja hiki kioo. Hakina tik, hakina pa kushika, na ni cheusi. Kinaandika nambari nyekundu ambazo baba yako ndiye aliyeniambia kuwa ni nambari.

(Naandika kinachosemwa. Ni kweli, sikujua kwamba hazioni. Baba.)

Baba yako anauliza kwa nini sikusema. Nimemwambia nitakuambia wewe, yeye asikilize. Mama yangu alipoishiwa macho tulimwonea huruma. Tukamtoa kijiko mkononi, tukamkalisha kwenye kiti kizuri penye upepo. Tulimpenda sana. Hakuinuka tena kwenye kile kiti. Mimi ndiye niliyemkalisha. Kwa hiyo nilipoanza kuona ukungu nikasema, siingii kwenye kiti hicho kwa mdomo wangu mwenyewe. Niliogopa huruma yenu kuliko giza. Bado naiogopa, Waya, leo zaidi ya jana.

Kile kiplastiki chako baba yako alitaka kukitupa kama ulivyoagiza. Nimemkataza. Nimekijaribu kwa mkono wa kushoto, kinafaa, ila tundu la kuzimia ni dogo, lipanue. Jana tumefungua dirisha. Baba yako anamimina mafuta, mimi napika. Anamimina kama anayepima nguo ya mtu mnene, anaogopa kumpunja. Mafundi wamerudi. Sasa kila mmoja akifika anataja jina lake kwa sauti, na mimi nalia nikiwa nimeinamia sufuria, wanadhani ni kitunguu.

Sasa neno langu la mwisho, na hili baba yako aandike vizuri. Ulipokuja likizo nikakushika mashavu nikasema umependeza. Sikukuona, mwanangu. Ulikuwa kivuli chenye sauti yako. Nilikushika nijue kama umekonda. Uso wako ninaoujua ni wa kabla hujaenda huko bondeni, na daktari hakusema hili tundu litakaa mpaka lini. Sikuiti uje kuniuguza. Sikuiti uje kutengeneza jiko. Nataka nikuweke hapo dirishani, kwenye jua, nikutazame sehemu moja moja mpaka nikumalize.

Ukija, njoo mchana. Jioni sioni.

Mama

(Sikupamba. Baba.)


Kambini
27 Machi

Mama, shikamoo. Baba, shikamoo. Hii isomwe kwa sauti.

Injinia ameisoma barua ya Mama. Nilimpa karatasi yenyewe. Amenipa ruhusa, naondoka Jumatatu.

Lori la Jumatatu linafika mjini jua likishazama. Nimemwambia dereva anishushe kituo cha katikati ya njia. Nitalala pale kwenye benchi, niingie nyumbani Jumanne, jua likiwa kichwani.

Fungueni dirisha.

Waya